Baridi ya Saleh Omar

Msomaji wa Magomeni, Mtwara, baridi aijuayo ni ya kipupwe. Upepo wa kusi ukivuma mwezi wa Julai, watu hujitanda shuka alfajiri na kusogeleana penye birika la kahawa. Katika riwaya ya Abdulrazak Gurnah, By the Sea (2001), atakutana na baridi ya namna nyingine, isiyomsogeza mtu kwa mwenziwe.

Saleh Omar, mzee wa miaka 65 kutoka Zanzibar, anatua Gatwick tarehe 23 Novemba kuomba hifadhi, akijifanya hajui Kiingereza. Ofisa wa uhamiaji anampokonya kikasha cha udi, kitu pekee chenye harufu ya kwao. Hatimaye anapewa makazi katika mji mdogo wa pwani.

Ni rahisi kusema kuwa baridi hiyo ni sitiari ya uhamisho. Usomaji huo haufiki mbali. Saleh alifungwa miaka mingi chini ya jua la kwao, na alipotoka alikuta mkewe na binti yake wamekwisha kufa. Upweke aliondoka nao nyumbani. Uingereza imeupatia hali ya hewa inayoufaa tu.

Kisha anaingia Latif Mahmud, mshairi na mwalimu wa chuo kikuu, aliyeombwa awe mkalimani wa mzee ambaye, kumbe, hahitaji mkalimani. Mzee huyo amesafiri kwa jina la marehemu baba yake Latif, na ndiye aliyeitwaa nyumba ya baba huyo. (Sadfa hii imekazwa mno; Gurnah angeweza kuilegeza.) Hapa ndipo riwaya inapopata nguvu. Wanaketi, wanasimuliana, kila mmoja ana kipande cha kisa anachokikosa mwenziwe. Rachel, mshauri wa wakimbizi, ana huruma ya kweli, lakini hawezi kubishana na Saleh juu ya nyumba ile. Latif anaweza. Uadui wa zamani ndio udugu uliobaki.

Ida Hadjivayanis ametupa Peponi mwaka 2022. Atakayeifasiri riwaya hii atakwama mapema, kwenye jina la majira yenyewe. “Kipupwe” litamletea msomaji wa Magomeni kahawa na jirani. “Majira ya baridi” ni la vitabu vya jiografia, lakini afadhali hilo, kwa kuwa halina mtu ndani yake.