Vioo Viwili vya Fraunhofer

Mwanga ukitoka hewani na kuingia kwenye kioo kwa mshazari, hupinda. Sababu ni kasi: ndani ya kioo cha kawaida mwanga huenda kwa takriban thuluthi mbili ya kasi yake ya hewani, na ndani ya maji kwa robo tatu. Ibn Sahl wa Baghdad aliijua kanuni ya mpindo huo mwaka 984, na Mholanzi Willebrord Snellius akaifikia tena mwaka 1621. Kanuni yenyewe ni mstari mmoja wa hesabu. Kukifanya kioo kiifuate barabara ndiyo kazi ya fundi, na katika mafundi wote wa kazi hiyo namvulia kofia Joseph Fraunhofer wa Bavaria.

Ugumu ulikuwa kwenye rangi. Zambarau hupinda zaidi, nyekundu hupinda kidogo, kwa hiyo lenzi moja haiwezi kuzikutanisha rangi zote mahali pamoja. Nyota ikitazamwa kwa lenzi hiyo huzungukwa na utando wa rangi. Newton aliona tatizo hilo halina dawa, akageukia darubini ya kioo cha kuakisi. Dawa ilipatikana Uingereza katika karne ya 18, na mwaka 1758 John Dollond akapewa hataza yake: lenzi iliyotuna ya kioo chepesi huwekwa pamoja na lenzi iliyobonyea ya kioo chenye risasi. Ya pili huzirudisha pamoja rangi zilizotawanywa na ya kwanza, lakini mpindo unaobaki unatosha kuunda taswira.

Hapo ndipo ufundi ulipoanza kudai haki yake. Risasi ni nzito. Hutuama chini ya chungu cha tanuri, na kioo kikipoa huwa na michirizi. Koroga sukari kwenye glasi ya maji utaiona michirizi ya namna hiyo, kila mmoja ukiupinda mwanga kivyake. Mswisi Pierre-Louis Guinand alipata ufumbuzi: kukikoroga kioo kilichoyeyuka kwa mwiko wa udongo wa kuchomwa. Ujuzi huo aliupeleka Benediktbeuern, kwenye majengo yaliyokuwa monasteri, na huko ndiko Fraunhofer alikojifunza kuyeyusha kioo. Kijana huyo alikuwa yatima. Mwaka 1801 nyumba ya bwana aliyemfundisha kazi ya vioo ilimwangukia, akafukuliwa akiwa hai.

Kioo safi kikishapatikana, husagwa kwa unga mkali, kisha kwa unga laini zaidi na zaidi, mwisho hung'arishwa juu ya lami. Kosa la sehemu ya elfu moja ya milimita linatosha kuiharibu taswira. Lakini mbinuko upi usagwe? Ili kukokotoa, fundi lazima ajue kila kioo kinapinda kila rangi kwa kiasi gani, na rangi hazina mpaka: nani aseme njano inaanzia wapi?

Mwaka 1814 Fraunhofer aliupitisha mwanga wa jua kwenye ufa mwembamba, kisha kwenye prizimu, akautazama kwa darubini ndogo. Katikati ya rangi akaona mistari myeusi, akahesabu zaidi ya 570. Mwingine angeishia kustaajabu. Yeye aliipa mistari mikubwa herufi, akaifanya alama za kupimia, kwa kuwa kila mstari hukaa kwenye rangi yake ileile hata kioo kikibadilika. Tangu hapo mbinuko wa lenzi ulikokotolewa kwanza, ndipo ukasagwa. Maana ya mistari yenyewe ilielezwa na wanasayansi Kirchhoff na Bunsen mwaka 1859: mingi ni alama za elementi zilizomo kwenye jua.

Mwaka 1824 darubini yake yenye lenzi ya upana wa sentimita 24 ilifika Dorpat, ambayo leo ni Tartu nchini Estonia. Kwa darubini hiyo mwanaastronomia Wilhelm Struve aliorodhesha nyota pacha zaidi ya 3,000. Fraunhofer alifariki mwaka 1826 akiwa na miaka 39. Darubini ya Dorpat bado imesimama Tartu, na darubini za mkononi wanazobeba waongoza watalii wa Serengeti zina lenzi za mbele za vioo viwili, zinazokokotolewa kwa njia ileile: pima mpindo kwanza, ndipo usage.