Linyekula: Kigoda Kwanza, Dansi Baadaye

Mwaka 2011, katika onyesho lake Le Cargo, Mkongo Faustin Linyekula alipanda jukwaani peke yake, akaketi kwenye kigoda, akaanza kuzungumza. Miaka yote hiyo, akasema, amekuwa akisimulia hadithi. Safari hii anataka kucheza tu. Lakini hakuinuka. Akaendelea kusimulia: jinsi alivyorudi Obilo, kijiji cha utoto wake kwenye njia ya reli ya Kisangani na Ubundu, kuzitafuta ngoma alizozikumbuka tangu udogoni. Mtazamaji aliyeahidiwa dansi anabaki akisubiri, masikio yamejaa majina ya mahali. Mwili unapoanza kucheza, bega likitikisika tu, tayari tunajua linatafuta nini.

Wengi humtaja kama mtunzi wa dansi, mwandishi na mwongozaji, kana kwamba ni kazi tatu anazozipokezana. Mimi naiona moja: kuamua neno linyamaze lini, mwili upokee.

Chanzo chake kinaeleza mengi. Alizaliwa mwaka 1974, akasomea fasihi na tamthilia Kisangani, akahamia Kenya mwaka 1993. Nairobi ndiko alikoanzisha kundi la dansi la Gàara mwaka 1997, pamoja na Opiyo Okach na Afrah Tenambergen. Kwa hiyo aliingia kwenye dansi akitokea kwenye maneno, na hakuyaacha mlangoni. Aliporudi Kongo mwaka 2001 alianzisha Studios Kabako, kituo cha dansi na tamthilia, jijini Kinshasa, akakipa jina la rafiki yake aliyefariki kwa tauni.

Tazama sasa onyesho lake more more more… future la mwaka 2009. Gitaa ni la Flamme Kapaya, muziki ni ndombolo, ile inayowasahaulisha watu shida zao. Ndani yake Linyekula aliweka maandishi ya Antoine Vumilia Muhindo, wakati huo mfungwa wa kisiasa. Mwandishi hakuweza kufika jukwaani, basi maneno yake yalipita kwenye vinywa vya wengine huku viuno vikizunguka. Angeyaweka kwenye ukimya, yangekuwa hotuba. Ndani ya ndombolo yanamnasa mtu akiwa amekwisha kuanza kutikisa kichwa.

Kazi ninayoithamini kupita zote ni Histoire(s) du Théâtre II ya mwaka 2019, iliyoagizwa na jumba la tamthilia la NTGent la Ubelgiji. Mada yake ni Baleti ya Taifa ya Zaire, iliyoundwa chini ya Mobutu mwaka uleule aliozaliwa Linyekula, na onyesho lake la Lianja, shujaa wa utenzi wa Wamongo. Mwongozaji mwingine angewafundisha vijana hatua za zamani. Yeye aliwaita waliozicheza: Wawina Lifeteke, Marie-Jeanne Ndjoku Masula na Ikondongo Mukoko. Goti la mzee linaposhuka polepole kuifuata hatua ya ujanani, huhitaji kuambiwa miaka mingapi imepita. Hapo uongozaji ni kumpa kila mmoja muda wa kutosha, bila kumharakisha wala kumpamba. Dola iliitaka miili hiyo iimbe umoja wa taifa. Humu kila mmoja anajisemea mwenyewe.

Mbinu hii ya kutanguliza maneno ina gharama yake. Masimulizi yakirefuka kupita kiasi, subira inageuka uchovu, na sehemu za Le Cargo zinalikaribia hilo. Hata hivyo namtetea, kwa sababu dansi inayoanza mapema mno huishia kuwa pambo la hadithi.

Mwaka 2006 aliihamishia Studios Kabako mjini Kisangani, mji ambao Kiswahili ni lugha ya sokoni na mtaani. Kazi hizi zimezuru dunia, lakini sisi majirani wa lugha moja bado tunamjua kidogo mno. Ewe unayefundisha sanaa za maonyesho Bagamoyo au Nairobi, mpe mwanafunzi wako kigoda. Asimulie kijiji chao mpaka maneno yamwishie, na asisimame kabla ya hapo.