Bruce Lee machoni pa Wakurdi: teke moja halitoshi

Wenzangu wasomi, wengi wetu tunasema filamu za karate ni mambo ya watoto, kelele na mateke basi. Mimi sikubali. Tuangalie Wakurdi: wako na lugha yao, wako na milima yao, lakini hawana nchi yao. Mipaka imewagawa kati ya Uturuki, Irani, Iraki na Siria. Kule pia, sawa na huku kwetu, vijana walimpenda Bruce Lee. Juu ya nini?

Mukamate Fist of Fury, ya 1972. Tuko Shanghai. Wajapani wanaletea shule ya Wachina kibao cha kuwaita wagonjwa wa Asia. Kwenye mlango wa bustani kuna kibao kingine: mbwa na Wachina hawaingii. Chen anaruka, anakipasua kwa teke. Njo pale filamu inamshika Mkurdi, maana kibao cha namna hiyo anakijua. Kule Uturuki, sheria ya 1983 ilikataza kueneza mawazo kwa Kikurdi, mpaka ikafutwa 1991. Na filamu za nje zilitiwa sauti ya Kituruki, kwa hiyo ata Bruce Lee aliongea lugha ya serikali. Lakini teke halihitaji mkalimani. Chen hana jeshi wala bunduki, iko na mwili aliouzoeza tu. Mtu aliyenyimwa yote anamuelewa mara moja.

Sasa lawama yangu. Filamu hii inaipa dhuluma sura ya mtu mmoja: ukimpiga huyo, mambo yamekwisha. Halabja, kule Iraki, tarehe 16 Machi 1988, gesi ya jeshi la Saddam Hussein iliua watu karibu 5000. Pale utampiga nani teke? Mwongozaji Lo Wei mwenyewe anatuonyesha mwisho wa njia hiyo: Chen anarukia bunduki zinazomlenga, picha inasimama akiwa hewani. Sisi tunapiga makofi, tunasahau kwamba anakufa.

Yılmaz Güney, Mkurdi wa Uturuki, alijulikana kwanza kama nyota wa filamu za wanaume wakali, ngumi na bastola. Baadaye, akiwa gerezani, akaandika Yol. Şerif Gören akaipiga kwa maagizo yake, na 1982 ikapata Palme d'Or kule Cannes. Shujaa wa kuokoa watu hayuko mule. Askari wanaleta maiti kijijini, na wenyeji wanaogopa ata kusema "huyu ni wetu". Haifurahishi kama Fist of Fury, lakini Mkurdi anajiona mwenyewe ndani, si Mchina aliyevaa uchungu wake.

Mimi nilisoma kilimo. Mbegu ya nje inaweza kuzaa vizuri, sikatai. Lakini mkulima anayeinunua kila msimu, siku duka likifungwa atapanda nini? Bruce Lee aliwatia Wakurdi moyo, na hilo si dogo. Ila hakuweza kuwaelezea maisha yao, ile kazi ilimngoja Güney.

Na sisi Wakongo tuliokomaa na filamu za karate, mbegu yetu iko wapi? Museme, tusikilizane.