NOADIA: JINA LA NABII MKE NA LA MLAWI
Uhakiki wa namna tunavyofasiri majina ya ubatizo

Swali la maana ya jina humfikia mchungaji mara nyingi kuliko maswali mengi ya mafundisho ya dini. Wazazi wanapokuja kuandikisha mtoto kwa ubatizo, huuliza kama jina walilolichagua limo katika Biblia, lina maana gani, na kama lamfaa mtoto wa kiume au wa kike. Majibu tunayowapa aghalabu hutoka katika vijitabu vya majina, ambavyo huweka jina upande mmoja na maana yake upande wa pili, bila kutaja fungu la Biblia wala mzizi wa neno. Katika makala haya tunakusudia kuyapima majibu ya namna hiyo kwa kutumia jina moja lisilo la kawaida, Noadia, ambalo katika Agano la Kale lilichukuliwa na mwanamume na mwanamke. Tunadai kwamba jina hili likisomwa vizuri linatufundisha jambo juu ya majina yote ya ubatizo, na kwamba makosa yanayofanywa juu yake si madogo.

I. Jina na mzizi wake

Noadia ni sentensi fupi. Sehemu yake ya mwisho, -ya, ni ufupisho wa jina la Mungu, Yahwe, kama ilivyo katika Isaya, Yeremia, Zekaria na Obadia. Sehemu ya kwanza ni kitenzi kutoka mzizi wenye herufi yod, ayin na daleth, ambao maana yake ni kuweka wakati au mahali pa kukutana. Na katika umbo lake la nifali maana ni kukutana kama ilivyopangwa. Hivyo jina lasema: Yahwe amekutana na watu wake. Kitenzi hichohicho, katika umbo hilohilo, ndicho kinachotumika katika Kutoka 25:22, Mungu anapomwahidi Musa kwamba atakutana naye juu ya kiti cha rehema, kati ya makerubi wawili. Katika Kutoka 29:42-43 ahadi hiyo inawahusu wana wa Israeli wote. Kutoka mzizi huo limetoka neno moedi, ambalo ndilo liliitia hema ya kukutania jina lake, na ambalo katika Walawi 23 lataja sikukuu zilizoamriwa na Bwana.

Msomaji wa Kiswahili anao ufunguo wa neno hili karibu naye kuliko anavyodhani. Neno letu miadi limetoka katika Kiarabu, katika mzizi wenye waw, ayin na dal. Mahali ambapo Kiarabu huanza mzizi kwa waw, Kiebrania mara nyingi huanza kwa yod: Kiebrania husema yalad kwa kuzaa, na Kiarabu husema walada, ambako ndiko yalikotoka maulidi. Kwa hiyo miadi na moedi ni ndugu wa damu. Mtu wa pwani anaposema ana miadi na mwenzake, anatumia mzizi uleule uliomo ndani ya jina Noadia. Karl Roehl, aliyetoa Agano Jipya mwaka 1930 na Biblia nzima mwaka 1937, alijitahidi kupunguza maneno yenye asili ya Kiarabu ili Maandiko yasikike kwa Kiswahili chenye sura ya Kibantu. Kusudi lake twaliheshimu, kwa maana aliwafikiria Wakristo wa bara ambao hawakulelewa na lugha ya pwani. Lakini mfano huu waonyesha hasara iliyomo: pengine neno la Kiarabu lililokwisha kuwa letu ndilo linalotuingiza kwa urahisi zaidi katika Kiebrania.

II. Wawili walioitwa hivyo

Biblia yawataja watu wawili tu wenye jina hili, na wote wawili walikuwako Yerusalemu katika kipindi kimoja cha utawala wa Uajemi. Wa kwanza ni Noadia mwana wa Binui, Mlawi. Katika Ezra 8:33 yumo miongoni mwa watu wanne waliokuwapo wakati fedha, dhahabu na vyombo vilipopimwa katika nyumba ya Mungu. Kwa hesabu ya kawaida jambo hilo lilikuwa mwaka 458 K.K. Wa pili ni Noadia nabii mke, anayetajwa katika sala ya Nehemia (Neh. 6:14), wakati ukuta ulipokaribia kumalizika, mwaka 445 K.K. Kati ya kutajwa kwao kuna miaka kama 13 tu. Hekalu lilikuwa limejengwa upya mwaka 515 K.K.; yumkini kizazi cha wazazi wao kilikuwa kizazi kilichoiona ibada ikirudi mahali pake. Kumwita mtoto "Yahwe amekutana" katika wakati ule kulikuwa ni ungamo: Mungu aliyesemekana kutuacha uhamishoni amekuja tena kwenye miadi yake.

Sura hiyohiyo ya nane ya Ezra ina majina mengine ya namna hii. Katika aya ya 7 yumo Athalia, baba yake Yeshaya, nasi twamjua Athalia mwingine, malkia wa Yuda (2 Fal. 11). Katika aya ya 10 limo jina Shelomithi, lililochukuliwa pia na binti Dibri (Law. 24:11) na binti Zerubabeli (1 Nya. 3:19). Nje ya Ezra tunamkuta Abiya mfalme na Abiya mama yake Hezekia (2 Nya. 13:1, 29:1), na Gomeri mwana wa Yafethi na Gomeri mke wa Hosea (Mwa. 10:2, Hos. 1:3). Kwa hiyo anayesema kwamba kila jina la Kiebrania lina jinsia yake hajaisoma Biblia kwa uangalifu.

III. Jinsi nabii mke alivyogeuzwa mwanamume

Katika Kiebrania cha Nehemia 6:14 Noadia ni mwanamke bila shaka yoyote, kwa sababu neno nabii limewekwa katika umbo la kike. Lakini kinachotofautisha umbo la kike na la kiume katika maandishi yale ni herufi moja tu, he, mwishoni mwa neno. Katika tafsiri ya kale ya Kigiriki, ile ya Sabini, herufi hiyo ni kama haikuwapo: Noadia amepewa viambishi vya kiume na kuitwa nabii mwanamume. Jina lenyewe halikuweza kumsaidia mfasiri, kwa kuwa halionyeshi jinsia. Kwa namna hiyo wasomaji wa Kigiriki walipotewa na mmoja wa wanawake wanne tu ambao Agano la Kale lawataja kwa majina yao na kuwaita manabii, pamoja na Miriamu, Debora na Hulda.

Kiswahili chetu kina tabia tofauti. Kiambishi a- hakibagui mwanamume na mwanamke, wala neno nabii halibagui. Ndiyo sababu wafasiri wetu hulazimika kuongeza neno na kusema nabii mke. Ongezeko hilo ni dogo, na mhubiri asomaye haraka huweza kulipita. Lakini bila hilo kusanyiko lote lingemfikiria Noadia kuwa mwanamume.

IV. Kwa nini jina hili lawafaa wote wawili

Vijitabu vya majina hufanya makosa matatu juu ya majina kama hili. Kosa la kwanza ni kuhukumu kwa sauti. Kwa kuwa Lidia, Klaudia na Yulia ni wanawake, Noadia naye hudhaniwa kuwa jina la kike. Lakini -ia ya Lidia ni mwisho wa Kigiriki na Kilatini, na -ya ya Noadia ni jina la Mungu. Kwa kipimo cha sauti hata Nehemia angekuwa mwanamke.

Kosa la pili ni kuchanganya mizizi. Noadia huwekwa karibu na Noa, binti Selofehadi (Hes. 27:1), au na Nuhu, kana kwamba ni jamaa moja. Noa limetokana na mzizi wa kutikisika au kwenda huku na huku; Nuhu lina herufi nyingine, za kupumzika; na Noadia ni la kukutana. Biblia yetu ya Kiswahili imetenganisha vema Nuhu na Noa, mahali ambapo tafsiri ya kale ya Kiingereza iliwaandika wote wawili kwa namna moja. Si haki orodha iliyoigwa kutoka lugha ya kigeni ituletee mchanganyiko ambao sisi hatukuwa nao.

Kosa la tatu ndilo kubwa zaidi, nalo ni la kiteolojia. Vijitabu hueleza maana ya jina kama tabia au bahati ya mtoto: atakuwa hodari, atapendwa, atafanikiwa. Lakini katika Noadia mtendaji si mtoto. Mtendaji ni Yahwe, na kitenzi kinapatana naye. Ndiyo maana jinsia ya mtoto haigusi umbo la jina: sentensi haimsemi yeye. Hatusemi kwamba majina yote yanayoshirikiwa yana sababu hii. Shelomithi, kwa mfano, halina jina la Mungu ndani yake. Lakini kwa Noadia, Abiya na Athalia sababu ni hiyo. Mtoto hulichukua tangazo la kazi ya Mungu, na tangazo hilo ni lilelile kwa binti na kwa kijana. Hapo jina lakubaliana na ubatizo wenyewe kama Kanisa la Kilutheri linavyoufundisha, kwamba Mungu ndiye atendaye, na mtoto hupokea.

V. Pingamizi mbili

Wapo watakaosema kwamba jina la mtu aliyempinga Nehemia halifai kuletwa kwenye birika la ubatizo. Pingamizi hili lasikika kuwa la kicho, lakini halisimami. Katika aya ileile Tobia ametajwa wa kwanza, naye ndiye aliyemkodi Shemaya pamoja na Sanbalati ili Nehemia atiwe hofu (Neh. 6:12-13). Hata hivyo twawabatiza akina Tobia bila kuuliza neno. Jina Tobia nalo ni sentensi juu ya Mungu, "Yahwe ni mwema", na sentensi hiyo haikuwa uongo kwa sababu mwenyewe alikuwa adui. Katika Matendo ya Mitume yumo Anania aliyesema uongo, Anania aliyemwekea Sauli mikono, na Anania kuhani mkuu aliyeamuru Paulo apigwe. Ikiwa Noadia peke yake akataliwa, na Tobia apokelewa, yatupasa tujiulize kama kinachohukumiwa ni upinzani au ni jinsia.

Tena, tusiseme kuliko Maandiko. Nehemia hakutuachia neno hata moja la Noadia. Mhubiri anayeeleza kwa urefu uongo aliousema anatunga. Na mfafanuzi wa siku hizi anayemfanya kuwa mtetezi wa wanawake wa kigeni waliofukuzwa anatunga vilevile. Tunachojua ni kwamba alikuwa nabii mwenye uzito wa kutosha hata gavana akamtaja kwa jina mbele za Mungu, na kwamba gavana alimwachia Mungu hukumu. Katika Kanisa ambalo lilianza kuwabariki wanawake kuwa wachungaji katika miaka ya 1990, uangalifu huo una maana. Mwanamke aliyepingana na kiongozi asifanywe kielelezo cha wanawake wote wasemao madhabahuni.

Pingamizi la pili ni la ofisini: jina lisiloonyesha jinsia litaleta matata shuleni na katika vyeti. Lakini jambo hili si geni kwetu. Amani, Imani na Furaha huitwa wavulana na wasichana. Katika sharika za kaskazini, Uchagani, Upare na Meru, Wakristo wameunda majina kama Elirehema na Elifuraha, wakiunga El ya Kiebrania na neno la Kiswahili, nayo huchukuliwa na jinsia zote mbili. Walioyaunda majina hayo walifuata njia ileile ya wazazi wa akina Noadia: jina la Mungu huungwa na kazi au kipawa chake.

VI. Jambo hili kwetu pwani

Tumtazame sasa mchungaji au mwinjilisti anayehudumu mahali kama Tangini, katika mji wa Kibaha. Kazi ya Kilutheri katika Uzaramo ni ya zamani: wamisionari kutoka Berlin walifika Dar es Salaam mwaka 1887, wakafungua Kisarawe mwaka 1892 na Maneromango mwaka 1895. Wengi wa majirani walikuwa na ni Waislamu, na majina kama Musa, Yusufu na Mariamu hayamtambulishi mtu dini yake. Baadaye barabara ya Morogoro, na mradi wa elimu wa nchi za Nordic ulioanza mwaka 1963 na kukabidhiwa kwa serikali mwaka 1970, vilileta Kibaha watu wa kila upande. Hivyo kwenye birika moja yaweza kukutana Elirehema wa kutoka Upare, mjukuu wa Mzaramo aliyepewa jina la babu yake, na mtoto ambaye wazazi wake wamekuta neno Noadia katika Nehemia.

Mchungaji wa mahali hapo hahitaji kijitabu. Afungue Ezra 8 na Nehemia 6 pamoja na wazazi, awaonyeshe kwamba jina ni la mwanamume na la mwanamke, awaeleze miadi, kisha awasomee Kutoka 29. Wazazi wa pwani wataelewa upesi, na jirani yao Mwislamu akisikia ataelewa pia, kwa kuwa neno ni la wote. Wakiisha kuelewa, waachwe waamue. Wakilichagua jina hilo, liandikwe katika kitabu cha ubatizo bila wasiwasi, awe binti au kijana. Na mchungaji aliyelikataa kwa sababu ya sauti yake, au kwa hofu ya nabii mke mmoja, hana budi kwanza kueleza kwa nini jana alimbatiza Tobia.