Mkongo Upi? Istilahi ya Mawasiliano Inapofika Rumonge

Katika ukurasa huu tumezoea kuhakiki riwaya na tamthilia. Safari hii tunahakiki neno moja tu, nalo ni mkongo. Wasomaji wetu wanalijua. Mkongo wa Taifa wa Mawasiliano ni jina la njia kuu ya mawasiliano ambayo Tanzania ilianza kuijenga mwaka 2009. Magazeti yametuzoesha pia mkongo wa baharini, kama ule wa SEACOM uliofika Dar es Salaam na Mombasa mwaka huohuo, na wa EASSy uliofuata mwaka 2010. Kabla ya hapo sehemu kubwa ya Afrika Mashariki ilitegemea setilaiti, kwa gharama kubwa. Neno lilikuja pamoja na kitu chenyewe, likapokewa bila mjadala. Sisi tunaona kwamba mjadala ulihitajika, na mahali pazuri pa kuuanzia ni Rumonge.

Rumonge ni mji wa mawese, ndagala na mukeke, kilomita 70 hivi kusini ya Bujumbura, kando ya Ziwa Tanganyika. Kiswahili ni lugha ya soko lake na ya bandari yake. Ng'ambo ya ziwa iko Fizi, katika Kongo. Kwa hiyo, mtu wa Rumonge akisikia "Mkongo" humfikiria jirani, mfanyabiashara, shemeji pengine. Tuchukue kichwa cha habari cha kubuni: "Mkongo wavuka ziwa". Sasa tubadili kidogo: "Mkongo avuka ziwa". Cha kwanza ni ngeli ya M-MI, habari ya waya. Cha pili ni ngeli ya M-WA, habari ya mtu. Tofauti iko katika herufi moja ya upatanisho, na msomaji wa haraka huipita. Mtu asidhani huu ni mzaha wa darasani. Mnamo Januari 2018 maelfu ya Wakongo walikimbia mapigano ya Fizi wakavuka ziwa kwa mashua hadi pwani ya Burundi na Tanzania. Mahali ambapo sentensi ya pili ni habari ya watu wenye mizigo kichwani, hatuna budi kuwa waangalifu na sentensi ya kwanza.

Mtetezi wa neno atasema kwamba homonimu zimejaa katika lugha, na kwamba muktadha hutatua. Ni kweli; hata mti wa mbambakofi huitwa mkongo katika sehemu nyingine, na hakuna seremala aliyewahi kupeleka mbao kwenye kampuni ya simu. Laiti shida ingekuwa hiyo peke yake, tungenyamaza.

Kosa kubwa zaidi la neno hili ni ulafi. Limemeza vitu vitatu. Kuna uzi wenyewe wa kioo, mwembamba kama unywele. Kuna waya mnene uliokusanya nyuzi hizo ndani ya magamba ya plastiki na chuma. Tena kuna mtandao mzima wa nchi, ambao kwa Kiingereza hufananishwa na uti wa mgongo. Burundi imeuhifadhi mfano huo katika jina la kampuni yake, Burundi Backbone System, iliyoundwa na makampuni ya simu kwa msaada wa Benki ya Dunia. Tanzania, pale palipokuwa na uti wa mgongo, pakawekwa mkongo. Tarehe 12 Mei 2024 nyaya za EASSy na SEACOM zilikatika baharini na intaneti ikayumba katika nchi nyingi za Afrika Mashariki. Ukimwambia mwenye kibanda cha simu Rumonge kwamba "mkongo umekatika", atajuaje kama ni baharini, ni barabarani ambako mtu amepiga sururu, au ni kampuni nzima iliyosimama? Jibu la swali hilo ndilo litakalomwambia afungue kibanda kesho au asifungue.

Tena neno haligusi kabisa ajabu ya kitu chenyewe, yaani mwanga. Charles Kao alipoeleza mwaka 1966 kwamba kioo safi kingeweza kubeba mazungumzo, vioo vya wakati huo viliufifisha mwanga mno. Leo uzi mzuri hupoteza nusu ya mwanga baada ya kilomita 15 hivi. Kwa umbali wa Bujumbura hadi Rumonge hubaki kama sehemu 1 kati ya 25, nayo inatosha kusomwa upande wa pili. Mwanga hautoroki njiani kwa sababu ukuta wa ndani huuakisi. Hapa Kiswahili kilikuwa na bahati ambayo hatukuitumia: kioo kwetu ni kile cha dirishani na pia kile cha kujitazamia. "Uzi wa kioo" unaeleza maada na unadokeza kazi, kwa pigo moja. Wavuvi wa pwani hii, ambao huwavuta ndagala usiku kwa taa, wasingehitaji maelezo marefu.

Wapo waandikao "mkonga". Hao angalau wanatupa picha ya pua ya tembo, ndefu na yenye kupindika, na sisi tungeipendelea kwa waya mnene. Kenya wameshika "faiba", neno la biashara zaidi kuliko la darasani. Ni fupi, ila halimwambii mwanafunzi lolote.

Pendekezo letu kwa walimu, hasa wa Burundi ambako Kiswahili husomwa pamoja na Kirundi, Kifaransa na Kiingereza, ni kutumia uzi wa kioo kwa kile cha ndani, mkonga au kebo kwa kinachozikwa ardhini au majini, na uti wa mtandao kwa mfumo wa nchi. Neno mkongo lifundishwe, maana limo katika hati rasmi, lakini daima pamoja na sifa yake: wa baharini, wa taifa. Vilevile tutenganishe vitenzi. Mteja huunganishwa, uzi uliokatika huungwa, ncha kwa ncha, kwa moto wa umeme. Fundi aliyeandika katika ripoti yake kwamba "ameunganisha Rumonge" hajatuambia ni kipi kati ya hivyo viwili alichofanya.