Sura Inayopewa Muda

Tom Priestley (1932–2023) alikuwa mhariri wa filamu, Mwingereza, mtoto wa mwandishi J.B. Priestley. Deliverance (1972) ilimfikisha kwenye uteuzi wa Oscar. Kuna ile sehemu ya gitaa na banjo: mgeni wa mjini anapiga, mtoto wa kijijini anajibu, na Priestley anawapa wote wawili muda. Huambiwi kitu, lakini unajua huyo mtoto ni mtu.

Sasa njoo White Mischief (1987), ambayo pia aliihariri. Hii inatuhusu: walowezi wa Happy Valley, Naivasha, mauaji ya Lord Erroll mwaka 1941. Niliitazama hapa Nakuru nikingoja mtu wetu apewe muda kama wa yule mtoto. Wapi! Mtumishi anaingia na trei, anamimina kinywaji, tunarudi kwa mzungu.

Si ati namtupia Priestley lawama yote. Mhariri hawezi kuunganisha picha ambayo haikupigwa. Filamu yenyewe imekatwa safi, inateleza. Shida ni hapo: inateleza juu ya watu waliokuwa ndani ya hizo nyumba, wakiona kila kitu.