Sifa za Mtembeza Wageni wa Kilwa Kisiwani

Mgeni akizunguka Kilwa Kisiwani peke yake ataona kuta za matumbawe, mibuyu, mbuzi waliojipumzisha kivulini, kisha atarudi Kilwa Masoko, mji wa bara, na picha nzuri kwenye simu. Akizunguka na mwongozaji aliyeiva, mtu aliyekulia kisiwani humo, atarudi na mji mzima kichwani. Tumewasifu sana waliozijenga kuta zile, na tumewasifu waliozifukua. Huyu anayezifanya zieleweke hatujamsifu vya kutosha, na kwangu mimi kazi yake ni ufundi kamili, wenye kanuni zake na wenye mabingwa wake.

Kazi huanzia majini. Mlango wa bahari kati ya Masoko na kisiwa ni mwembamba, mashua huuvuka kwa muda mfupi, na mwongozaji hodari hangoji mfike. Mkiwa katikati ndipo anapomleta Ali bin al-Hasan, mwana wa mfalme wa Shirazi, ambaye tarikh ya Kilwa inasema alikinunua kisiwa kwa nguo za kutosha kukizungushia chote. Mwenye kisiwa akachukua nguo zake akaenda bara. Zamani hizo, hadithi inasema, maji yakipwa watu walivuka kwa miguu, naye alikusudia kurudi na watu wake kukinyang'anya. Alipofika akakuta mkondo umechimbwa, hapapitiki tena. Ukisimuliwa hayo hotelini utayaona ni ngano za watoto. Ukisimuliwa huku mkono wako unachezea maji yenyewe, unaanza kupima kwa macho kina chake. Kisha mwongozaji anaongeza kwa sauti ileile, "Hayo ni maneno ya wazee. Sasa twende tukayasikilize na mawe."

Hapo ndipo ninapomtambua bingwa, na hii ndiyo kanuni yake ya kwanza. Ana mikoba miwili, wa masimulizi na wa ushahidi, na hachanganyi vilivyomo. Hamdharau babu aliyempa hadithi, na hamdanganyi mgeni kwamba hadithi hiyo imethibitishwa.

Kanuni ya pili ni mpangilio wa mwendo. Ukishuka ufukweni, jengo la kwanza kukukabili ni Gereza, ngome ya kale, na mwongozaji mchanga hukwama hapo. Atakueleza Wareno walioingia Julai 1505 chini ya Francisco de Almeida, wakajenga ngome, wakaondoka mwaka 1512. Atakueleza kwamba sehemu kubwa ya hili tunaloliona ni la zama za Waomani. Yote kweli. Lakini bingwa hulipita Gereza kwa maneno machache, akiahidi kwamba mtarudi. Anajua akili ya mgeni huwa nyepesi asubuhi, na asubuhi hiyo anaiwekea Msikiti Mkuu. Naona ana haki. Kuanzia na waliokuja kuteka ni kuifanya Kilwa ianze siku ilipoanguka.

Msikitini husimama kwanza mlangoni. Wanaojisahau wakiongea kwa kelele huwatazama tu, nao hunyamaza. Paa limeondoka sehemu kubwa, lakini mahali palipokuwa pa kusujudia anapaheshimu vilevile. Kisha anakupeleka pale jengo la kale la kaskazini linapokutana na upanuzi wa kusini. La kaskazini ni la karne ya 11 au ya 12. Upanuzi uliagizwa na Sultani al-Hasan bin Sulaiman mwanzoni mwa karne ya 14, na ukajengwa upya karne iliyofuata. Tarehe hizo angeweza kukumwagia zote kwa pumzi moja. Badala yake anauliza, "Mwanangu, boriti ya mkoko ina urefu gani?"

Unatanua mikono, unakisia. Naye anapima kwa hatua zake, kutoka mstari wa nguzo hadi mstari unaofuata, na mnafikia jibu pamoja: haifiki mita tatu. Paa la kale lilikuwa bapa, limelazwa juu ya boriti, kwa hiyo fundi hakuweza kutanua chumba kuliko mti ulivyomruhusu. Ghafla unaelewa kwa nini vyumba vya nyumba za mawe, kutoka hapa mpaka Lamu, ni virefu na vyembamba. Ukishaelewa hilo ndipo anapokuinua macho upande wa kusini, kwenye nguzo za pembe nane, matao, na kuba zilizojengwa kwa mawe na chokaa pasipo boriti hata moja. Sasa unaona ni jambo gani waashi wale walithubutu kulifanya. Usingeliona kama ungetangulizwa kuba kabla ya boriti.

Akifika kwenye kibla hatumii kidole, hutumia kijiti, na hakigusishi. Anakuonyesha aina mbili za mawe. Moja ni jiwe gumu la ukutani, lililobebwa kama lilivyo na kuzikwa ndani ya chokaa iliyochomwa kwa matumbawe juu ya rundo la kuni. La pili ni tumbawe laini lililotolewa baharini likiwa bichi, likachongwa kabla halijakauka, maana likikauka huwa gumu. Kingo za mihrabu ni za hilo la pili. "Fundi alikuwa anashindana na jua," anasema, na wewe unazitazama kingo zile zilizonyooka ukimwona mtu na patasi yake, akiharakisha na bado hakosei.

Halafu mahali pa udhu: kisima, birika, na jiwe la mviringo la kusugulia nyayo. Hapa yeye huzungumza kidogo mno. Anakuacha uliangalie lile jiwe kwa muda wako.

Nimependa pia namna anavyomhukumu Ibn Battuta. Msafiri yule wa Morocco alifika mwaka 1331, akaisifu Kilwa kuwa miongoni mwa miji mizuri kuliko yote na iliyojengwa vyema, na akamsifu Sultani al-Hasan kwa ukarimu wake, hata watu walimwita Abu al-Mawahib, yaani Baba wa Vipawa. Lakini maandishi yake yanasema pia kwamba mji wote ulikuwa wa miti. Mwongozaji wa haraka hulificha hilo, maana linaharibu mazungumzo. Bingwa hulisema mbele ya msikiti wenyewe, kisha hugeuka kuwaonyesha wageni nyumba za kijiji cha leo, za miti na udongo, zilizokaa katikati ya magofu. Wenye majumba ya mawe walikuwa wachache, anasema. Umati wa watu uliishi kama tunavyoishi sisi. Maelezo hayo hayamalizi ubishi wote wa wasomi, lakini yanawarudisha wavuvi na wakulima katika mji ambao vitabu vimeujaza masultani.

Kwenda kwenye jumba la Husuni Kubwa ni mwendo mrefu kidogo, na njiani hupiga hodi. Magofu haya yamo uani mwa watu, kwa hiyo husalimia kila anayemkuta, huuliza hali ya mgonjwa fulani, na wageni wake hujifunza kusema shikamoo bila kufundishwa. Juu ya jabali, kwenye jumba lile la vyumba zaidi ya 100 na birika lake la kuogea la pembe nane, ndipo anapoitanua dunia. Dhahabu ya Sofala, katika Msumbiji ya leo, ilipita mikononi mwa Kilwa. Sarafu yenye jina la al-Hasan bin Sulaiman imeonekana Great Zimbabwe. Sarafu nyingine za shaba za Kilwa ziliokotwa mwaka 1944 katika visiwa vya Wessel, kaskazini mwa Australia.

Wala hafichi aibu. Mwaka 1776 Mfaransa mmoja aitwaye Morice alifunga mkataba na sultani wa Kilwa wa kuuziwa watumwa kila mwaka. Bingwa hulitaja hilo akiwa ametulia, hasemi kwamba ni wageni tu waliouza watu, na halipambi.

Nikiwaza ufundi huu wa mwongozaji utarithiwaje, huwa nafikiria hekalu la Ise kule Japani, ambalo kwa desturi hujengwa upya kila baada ya miaka 20. Mara ya mwisho ilikuwa 2013, mara ya 62. Faida yake moja ni kwamba seremala mzee humfundisha kijana kazini, na ujuzi haufi. Kilwa tumechagua njia nyingine, ya kuulinda ukuta uliopo. Magofu yake na ya kisiwa jirani cha Songo Mnara yaliingia katika Urithi wa Dunia mwaka 1981, yakawekwa kwenye orodha ya hatari mwaka 2004, yakaondolewa humo mwaka 2014 baada ya kazi kubwa ya kuziba nyufa na kuzuia bahari isiendelee kula ufukwe. Wanakisiwa walishiriki kazi hiyo, na mwongozaji aliyewahi kukoroga chokaa kwa mikono yake husimulia ukuta tofauti na aliyeusoma. Ila maneno yenyewe hayajapangiwa miaka 20 yake. Kijana hujifunza kwa kumfuata mzee nyuma, akimbebea chupa za maji, na mzee akiondoka kabla kijana hajaiva, hakuna pa kuyafukua.

Kwa hiyo naomba. Wenye mamlaka juu ya magofu haya wawape wazee hawa vijana wa kufundisha, na wawalipe kwa ufundishaji huo, siyo kwa kutembeza wageni tu. Walimu wa Lindi na Mtwara wawalete wanafunzi wao kabla ya watalii wa mbali. Na wewe msomaji, ukifika Masoko, kata kibali, uliza mwongozaji wa Kisiwani, mpe siku nzima badala ya saa mbili, na umlipe kama unavyomlipa fundi.